Wawili Upande Mmoja wa Wavu

Valencia, Hispania
12 Januari 2025

Mpendwa Mjomba Wesley,

Wewe na Anti na wote hapo Asumbi, nawasalimu kutoka kwenye baridi. Mimi ni mzima, isipokuwa vidole vya miguu ambavyo sijavisikia tangu Krismasi. Mama ameniambia mmepata mahindi ya kutosha na kwamba Anti alilazwa siku mbili akatoka. Mwambie nimemwombea. Najua simu haikufai tena tangu masikio yalipoanza kukusumbua, na najua unachosema kuhusu message, kwamba hizo ni za kumwambia mtu ng'ombe amezaa. Kwa hivyo nimenunua karatasi.

Mwaka uliisha vizuri kwangu. Sasa mimi ni wa sabini na moja duniani katika tenisi ya wawili wawili. Sitalisema tena, lakini nilitaka ulisome kwa mwandiko wangu, kwa sababu ni wewe uliyekuwa wa kwanza kuniambia mahali pangu ni karibu na wavu. Unakumbuka nilivyolia nilipoacha kucheza peke yangu, nikiwa wa mia sita na kitu, nikidhani nimeshindwa maisha? Miaka minane sasa. Huwa nacheka nikikumbuka.

Kwa Katarina uliisha vibaya. Yule Mslovakia mrefu, mwenzangu wa miaka sita, unamjua kwenye picha. Alifanyiwa upasuaji wa kifundo cha mkono mwezi wa kumi na moja. Atarudi Machi, nafasi yake duniani ikiwa imeporomoka.

Sasa neno lenyewe. Kuna Mmarekani mmoja, mchezaji mkubwa, ambaye mwenza wake ni mjamzito na amepumzika. Anataka nicheze naye mashindano makubwa ya Paris mwezi wa tano, kisha tuendelee mwaka mzima. Sijawahi kucheza Paris, Mjomba. Anataka jibu kabla ya katikati ya Aprili. Katarina hajui. Nifanye nini?

Na jambo lingine, maana usiku umekuwa mrefu na nafikiri sana. Wewe na baba mlicheza pamoja miaka sita. Watu wa rika lenu Migori bado wanawataja kama jina moja, Wesley-na-Maroa. Mliacha kwa nini? Nyumbani nikiuliza, mama huenda kuangalia sufuria.

Ni mimi mpwa wako,
Rispa


Asumbi
9 Februari 2025

Okewa, mtoto wa dada yangu,

Barua yako ilisafiri wiki tatu na siku mbili, ikanikuta natoka misa. Anti yako amepona, ilikuwa ni sukari tu, na sasa anakunywa chai kavu, bila sukari, huku akinitazama kama mimi ndiye niliyemkataza. Mvua haijaanza. Paroko mpya ni kijana wa Rangwe hapa hapa, anahubiri kwa kifupi, Mungu ambariki.

Sabini na moja. Nilisoma mara nne. Kisha nikaichukua barua nikawaonyesha walimu wastaafu wenzangu pale tunapoketi nje ya posta. Mmoja akaandika kwenye kile kijitabu ninachotembea nacho siku hizi: "Mbona hachezi peke yake kama wale wa televisheni?" Nikamwambia, anayecheza peke yake anahitaji macho ya mbele. Rispa ana ya mbele na mengine ubavuni. Hakuelewa, lakini mimi nilielewa.

Nakuona bado ukiwa na miaka kumi, kwenye ule uwanja wa murram, udongo mwekundu, nyuma ya stoo ya misheni, miguu myekundu mpaka magotini. Nilikuweka karibu na wavu nikakurushia mipira ya usoni. Wasichana wengine walifunga macho. Wewe uliyafungua zaidi. Halafu kulikuwa na jambo ambalo sikukufundisha. Mwenzako akipiga mpira dhaifu, wewe ulikuwa umeshaondoka kwenda kuziba kabla yeye mwenyewe hajajua ni dhaifu, na hukumgeukia kumlaumu. Nimefundisha miaka thelathini na minane. Jambo hilo nimeliona kwa mtoto mmoja tu.

Sasa jibu langu. Nenda na Mmarekani. Unakaribia miaka thelathini na mitatu, na Paris haitakungoja. Na usimwambie Katarina mpaka majina yawe yameandikwa. Ukimwambia mapema utamwumiza siku nyingi badala ya siku moja.

Kuhusu mimi na baba yako, hakuna hadithi. Goti lake lilimsumbua, mchezo ukaisha.

Nakuombea afya ya mikono na miguu,
Mjomba wako Wesley


Antalya, Uturuki
16 Machi 2025

Mpendwa Mjomba,

Nimefurahi Anti amepona. Mwambie hata mimi nakunywa chai kavu, tulie pamoja. Hapa kuna jua, na bahari iko karibu na hoteli, ingawa sijaigusa. Barua yako ilinisubiri Valencia siku kumi kabla sijapita kuichukua.

Nimeisoma na nimeshangaa. Nilidhani utaniambia nibaki. Nimekuwa nikiizungusha kichwani, nikapata kila sababu ya kukutii. Halafu Katarina akarudi uwanjani wiki hii, tukashindwa mechi ya kwanza.

Haikuwa mkono wake. Mkono ulishikilia. Ilikuwa mimi. Unajua sisi kabla ya kila pointi hukaribiana, tunaziba mdomo kwa mpira, tunanong'onezana nani ataelekea wapi. Sikuweza kumtazama machoni. Nilimwambia "kulia" mara mbili nikaenda kushoto. Nilicheza kama mtu anayeficha kitu kwa sababu nilikuwa nikificha kitu. Baadaye alinifunga barafu begani, mimi mzima, yeye mgonjwa, akaniomba msamaha kwamba amerudi mapema.

Sijawahi kukuambia habari ya Hungaria. Tulikuwa tumefahamiana wiki tatu tu. Nilikuwa nimetoka nyumbani Migori, na malaria nikaibeba mwilini bila kujua. Katika ule mji mdogo daktari alisema ni mafua, akanipa vidonge vya mafua. Katarina alikumbuka niliyomsimulia kwenye basi, jinsi homa inavyokuja na kwenda na mwili unavyotetemeka. Alisimama mlangoni kwa yule daktari akasema hatoki mpaka wapime damu kwa malaria. Walipima. Alikaa nami hospitali siku nne, na mechi zake mwenyewe zikampita. Sijui kama ningekuwa hai.

Na sasa nieleze hili. Nilimpigia baba simu nikamwuliza goti linaendeleaje. Akasema, "Goti gani?" Wiki iliyopita alienda Isebania kwa baiskeli kuchukua vipuri vya duka lake na akarudi navyo. Nikamwambia Mjomba anasema uliacha tenisi kwa sababu ya goti. Halafu akasema, "Kama Wesley amesema ni goti, basi ni goti."

Mjomba, sikugombezi. Lakini hukunifundisha kudanganya, na wewe mwenyewe hujui kudanganya vizuri.

Wako kila siku,
Rispa


Asumbi
8 Aprili 2025

Okewa,

Sote ni wazima. Mvua imeanza na Anti yako anapanda maharagwe. Nimeanza barua hii mara tatu.

Goti la baba yako halikuwahi kuwa na shida.

Mwaka 1992 ulikuwa na miezi minne. Baba yako alikuwa bado mwalimu, na tulikuwa tumefika fainali ya michezo ya walimu, Kisumu. Hatukuwa tumewahi kufika hapo. Jioni kabla ya fainali afisa mmoja wa elimu aliniita pembeni. Alikuwa mchezaji mzuri wa mkono wa kushoto, na mwenza wake alikuwa ameugua. Akasema sheria zinaruhusu nibadilishe mwenza, nicheze naye. Akasema pia amesikia natafuta uhamisho wa kuja Asumbi, karibu na wazazi wangu wagonjwa. Hakusema zaidi ya hapo. Hakuhitaji.

Nilikubali. Kisha nikarudi kwenye chumba tulicholala, mimi na baba yako, vitanda viwili na dirisha moja. Alikuwa anapanga jinsi tutakavyocheza kesho, akichora kwa kidole kwenye blanketi. Nilimsikiliza. Nilisema "ndiyo" na "sawa." Sikumwambia. Nilijidanganya kwamba namwachia usingizi mzuri.

Asubuhi alitangulia uwanjani, nguo nyeupe mama yako amezipiga pasi. Alisoma majina ukutani; lake halikuwepo. Nilipofika alikuwa ameshaondoka. Tulishinda fainali. Uhamisho ukaja baada ya wiki sita.

Tangu siku hiyo baba yako ameniambia maneno matano. Hata kwenye matanga ya nyanya yako tuliketi hema mbili tofauti. Hayo matano aliyasema mwaka ule wewe ulipofikisha miaka kumi. Alikubeba kwa baiskeli kutoka stendi hadi langoni kwangu akasema, "Huyu mtoto ana mkono. Mfundishe." Kisha akageuza baiskeli. Fikiri, Rispa. Mtu niliyemfanyia vile, lakini kwa ajili yako akaja mpaka langoni. Kila nilichokufundisha, nilikuwa namlipa yeye, na sijamaliza.

Ushauri niliokupa haukuwa ushauri. Nilitaka mtu ninayempenda afanye nililofanya mimi, ili lionekane dogo. Uchome moto.

Sijui kama barua hii itakufikia kabla ya siku yako ya kujibu. Naogopa nimechelewa tena.

Wesley


Valencia
21 Aprili 2025

Mpendwa Mjomba,

Leo ni Jumatatu ya Pasaka. Natumaini mmeshangilia, na kwamba kuku wa Anti alipatikana bila kufukuzwa kijiji kizima. Sijapata barua yako tangu ile ya Februari. Labda umenikasirikia, labda ni posta. Naandika hata hivyo.

Sikufuata ushauri wako. Nivumilie nikueleze.

Siku nne kabla ya kumjibu Mmarekani tulikuwa mahali pa kufulia nguo, mimi na Katarina, tumekaa tukitazama soksi zikizunguka kwenye mashine. Nikamwambia yote. Tangu Januari, jina la Mmarekani, Paris, kila kitu. Aliendelea kukunja taulo. Akauliza, "Ulitaka?"

Nikasema, "Nilitaka. Miezi mitatu, kila siku."

"Na sasa?"

"Sasa nimechoka kukuficha. Nilitaka ujue kabla sijajibu chochote."

Akakunja taulo lingine. "Basi nenda," akasema. "Mkono wangu sina hakika nao. Ningekuwa wewe ningeenda, na ningekuandikia kadi nzuri." Alikuwa anamaanisha. Halafu akalia kidogo, akanikasirikia kidogo, kwa sababu ya ile miezi mitatu na si kwa sababu ya Mmarekani. Alisema, "Antalya nilidhani mkono wangu umekuharibia mchezo. Nililala nikifikiri hivyo." Hilo liliniuma kuliko yote, na nilistahili.

Sikuamua siku ile. Nililala nalo siku tatu. Nilijiuliza ninachokipenda katika kazi hii, maana si kuonekana. Juzi uwanja wa ndege afisa aliniuliza nacheza mchezo gani, nikiwa na raketi sita begani. Ninachokipenda ni ile sekunde ninapoondoka mahali pangu bila kutazama nyuma, kwa kuwa najua mtu ameshafika nilipotoka. Mimi na Katarina imetuchukua miaka sita kufika hapo. Kwa Mmarekani ningekuwa mgeni mwalikwa. Labda ningeshinda zaidi. Labda nimekosea, Mjomba, sitajifanya najua. Lakini nimemwandikia Mmarekani kwamba nashukuru, hapana. Alijibu kwa upole.

Nafasi zetu mbili zikijumlishwa hazitoshi kuingia Paris moja kwa moja. Tutakuwa kwenye orodha ya kusubiri. Tutaenda hata hivyo, tukae karibu na meza ya waandaaji, tuone kama kuna watakaojitoa.

Usinikasirikie sana,
Rispa


Paris
22 Mei 2025

Mpendwa Mjomba,

Nawasalimu nyote. Hapa maua yametoka na kila kitu ni ghali, lakini viwanja, Mjomba, ni vyekundu kama kwako. Nilipokanyaga nilitaka kuvua viatu.

Barua yako ya Aprili niliipata juzi nikifunga mizigo. Niliisoma kwenye treni, nikamtafsiria Katarina nusu yake, nusu nyingine nikashindwa.

Nimefikiri nikuandikie nini. Nakupenda. Mikono hii uliitengeneza wewe, na hilo halibadiliki. Lakini siwezi kukusamehe kwa niaba ya baba. Uliniandikia mimi kwa sababu mimi ni rahisi. Duka lake liko Migori, barabara ya Isebania, anafungua saa mbili na kufunga giza likiingia. Nenda, tafadhali.

Sisi ni wa tano kwenye orodha ya kusubiri. Kila asubuhi tunatia sahihi na kukaa.

Rispa


Migori
30 Mei 2025

Okewa,

Angalia hapo juu nimeandika wapi. Kama uliniandikia kutoka Paris, barua hiyo haijafika. Ile iliyofika ni ya kufulia nguo. Niliisoma siku moja nikarudia siku ya pili, na siku ya tatu Anti yako alichukua kijitabu changu akaandika, "Unangoja nini?" Kisha Jumanne mama yako akatuma message kwamba watu wamejitoa, mmeingia, mnacheza Jumatano saa tisa alasiri. Jumatano asubuhi niliondoka.

Baba yako alikuwa dukani akimfungia mtu wa boda mnyororo mpya. Aliniona. Alimaliza mnyororo, akafuta mikono, akasema kitu. Sikusikia. Nikamwonyesha masikio. Nilikuwa nimepanga maneno yangu njiani, mengi na mazuri, yote yakapotea. Nikasema, "Maroa, nililala chumba kimoja na wewe usiku ule na sikukuambia. Nimekuja kukuambia."

Akanitazama. Akazunguka kaunta akaja upande wa sikio langu la kushoto, ambalo bado linapata kidogo, akaanza kusema. Nikatikisa kichwa. Akapaza sauti. Nikatikisa tena. Mwishowe baba yako, mtu asiyesema, alilazimika kupiga kelele ya kusikika mpaka ng'ambo ya barabara, na watu wa boda wote wakageuka.

"Si kwamba ulicheza na yule afisa," alisema. "Ningeelewa. Ulikuwa na wazazi wagonjwa. Lakini uliniacha niende kusoma ukutani. Kama ungeniambia ile jioni, ningekuja kuwapigia makofi."

Nikasema, "Najua."

"Ningekuja kweli."

"Najua, Maroa. Ndiyo maana sikuweza kukuambia."

Alisimama pale. Mtu mmoja wa boda akamwuliza bei ya kitu, akamfukuza kwa mkono. Kisha akavuta viti viwili akaviegemeza ukutani mahali penye kivuli, akamwita mama yako, "Filister!", alete simu tuone mechi.

Rispa, nimeona mechi nyingi. Picha ilikuwa inakwama, mama yako akiitikisa simu kama chupa ya dawa, lakini niliona. Seti ya kwanza yenu, ya pili yao. Katika ya tatu nilimwona Katarina akipiga kwa ule mkono wake huku amekaza meno, na nikakuona wewe. Hukumfichia udhaifu wake wala hukuutangaza. Ulisogea hatua moja kuelekea upande wake, hatua moja tu, kwa mechi nzima, wapinzani wasijue kwa nini uwanja umekuwa mwembamba. Baba yako aliona kabla yangu. Alinigusa goti akanionyesha kwa kidole. Tai-breki, zile pointi za kuamua mechi, ilipofika tisa kwa nane yenu, ulivuka katikati ukaukata ule mpira, mkashinda, na wazee wawili wenye miaka sitini na kitu walisimama kwenye viti vyao mpaka mama yako akatukemea.

Baadaye tulikunywa chai. Sikujua kama niage. Baba yako akaniuliza katika sikio, "Wanacheza tena lini?"

Nikasema, "Ijumaa, saa sita mchana."

"Basi lala hapa," akasema.

Nimelala siku mbili. Hatukuzungumza mambo mengi. Jana nilimshikia orodha ya vipuri akihesabu stoo. Sasa ni asubuhi ya Ijumaa, naandika kwenye kaunta yake. Nilitaka uipate kwa mwandiko wangu. Wewe ulifanya mahali pa kufulia nguo jambo ambalo mimi nililikimbia miaka thelathini na mitatu, na ulilifanya ukiwa na cha kupoteza. Nimekuwa mwalimu wako. Kuanzia sasa nipokee kama mwanafunzi.

Mjomba wako,
Wesley

Saa tisa. Mmeshindwa, nne-sita, tano-saba. Mama yako amelia na ameenda kupika. Nilitaka kufunga bahasha, lakini baba yako ameomba kalamu.

Rispa. Nimeona mpira wa mwisho Katarina alipoukosa. Nimeona ulivyomfuata kabla ya kwenda kusalimia wengine. Njooni wote wawili nyumbani. Baba.